Safi Faye na Barua Aliyoiandika kwa Kamera

Mwaka 1934 serikali ya Ufaransa ilipiga marufuku kutengeneza filamu katika makoloni yake ya Afrika bila kibali cha gavana. Amri hiyo, inayojulikana kwa jina la waziri Pierre Laval, ndiyo iliyowafanya mtengenezaji filamu Paulin Vieyra na wenzake, mwaka 1955, wapige filamu ya Afrique-sur-Seine huko huko Paris. Mwafrika aliweza kupigwa picha kwao. Kuishika kamera mwenyewe ndiko kulikokuwa na vikwazo.

Ufa wa kwanza ulionekana Abidjan. Katika Moi, un noir (1958), Mfaransa Jean Rouch aliwafuata vijana wa Niger waliokuwa wakihangaika na vibarua mtaani Treichville. Kamera yake ilikuwa ya kutia ufunguo kama saa, haikunasa sauti, na kila kipande kiliisha baada ya sekunde zisizofika 30. Basi Oumarou Ganda, mmoja wa vijana hao, aliwekwa mbele ya picha zilizokwisha kupigwa, akazisemea papo kwa papo: shida ya kazi, upweke, vita vya Indochina alivyopigana. Sauti hiyo ndiyo roho ya filamu. Hata hivyo, aliyeamua kipi kikatwe na kipi kibaki alikuwa Rouch. Ganda alikuja kuongoza filamu yake mwenyewe, Cabascabo, miaka kumi baadaye.

Msenegali Safi Faye naye alipitia kwa Rouch. Alikuwa mwalimu Dakar walipokutana mwaka 1966. Akaigiza katika filamu ya Rouch, kisha akasomea etnolojia na utengenezaji filamu Paris. Lakini aliporudi Senegal na kamera, alikwenda Fad'jal, kijiji cha Waserere walikotoka wazazi wake, na kuwapiga picha ndugu zake.

Filamu yake Kaddu Beykat (1975) ni barua. Sauti ya Faye inatoa salamu, inajulia hali, ndipo inaingia kwenye habari za nyumbani: mvua haba, karanga zinazolimwa kila mwaka kwa sababu ya kodi, madeni yasiyoisha. Kijana Ngor anashindwa kupata mahari, anakwenda Dakar kutafuta kazi. Chini ya mti wazee wanazungumza, nao hawaharakishwi. Babu yake Faye yumo, naye alifariki siku chache tu baada ya kazi kwisha. Nani angesema "mimi" mahali kama pale bila kuwataja hawa? Nafsi ya Faye imo ndani ya ukoo, na kwangu huo ndio ujasiri wake mkubwa. Serikali ya Senegal iliipiga filamu hiyo marufuku, ilhali ilituzwa kwenye tamasha la filamu la Berlin mwaka 1976.

Katika Fad'jal (1979) watoto wanakariri darasani sifa za Louis wa 14, mfalme wa Ufaransa. Nje, wazee wanawasimulia habari za mwanamke aliyekianzisha kijiji, kisha wanageukia sheria ya mwaka 1964 iliyoweka ardhi mikononi mwa taifa, na kuulizana shamba lililolimwa na mababu limekuwaje la serikali.