Ligi za Weusi

Ligi za Weusi ni jina la jumla la mashirika ya mchezo wa besiboli yaliyoundwa na Wamarekani wenye asili ya Afrika tangu mwaka wa 1920 hata yapata 1960, katika zama ambazo ligi kuu za nchi yao ziliwafungia mlango kwa sababu ya rangi ya ngozi zao. Kwa maana iliyo pana zaidi, jina hili hujumuisha pia klabu na wachezaji waliotangulia kuanzishwa kwa mashirika hayo, tangu miaka ya 1860 utumwa ulipofutwa.

Besiboli huchezwa baina ya timu mbili za watu tisa tisa. Mrushaji wa upande mmoja humtupia mpira mpigaji wa upande wa pili, naye mpigaji akiupiga vema kwa gongo lake hukimbia kuzunguka vituo vinne, na kila amalizaye mzunguko huiongezea timu yake mbio moja. Nyuma ya mpigaji huchutama mdakaji, ambaye humwashiria mrushaji ni mpira wa namna gani autupe. Ni mchezo wa hesabu kuliko michezo mingi, kwani kila pigo na kila kosa huandikwa, na hadhi ya mchezaji baada ya kufa kwake hukaa daftarini. Kwa hiyo waliotengwa na ligi kuu walidhulumiwa mara mbili: walinyimwa ijara walipokuwa hai, na majina yao yakakosa kuandikwa mahali ambapo vizazi vya baadaye vingeyatafuta.

Mwanzo wa utengano

Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipokwisha mwaka wa 1865, watu Weusi wa miji ya kaskazini walikuwa na klabu zao za besiboli, na mojawapo ya zile zilizosifika ilikuwa Pythian ya Philadelphia, iliyoongozwa na mwalimu Octavius Catto, mtetezi wa haki ya kupiga kura. Mwaka wa 1867 Pythian iliomba kuingia katika chama cha klabu za Pennsylvania, ikashauriwa kuliondoa ombi lake kuliko kukataliwa hadharani; na mwezi wa Desemba wa mwaka uo huo chama cha taifa kikaazimia kutoipokea klabu yoyote yenye mwanachama Mweusi, awe mmoja au wengi. Catto mwenyewe aliuawa kwa risasi mjini mwake siku ya uchaguzi, tarehe 10 Oktoba 1871.

Walakini mlango haukufungwa kwa siku moja. Bud Fowler alilipwa kucheza miongoni mwa Wazungu tangu mwaka wa 1878, na mwaka wa 1884 Moses Fleetwood Walker, mdakaji aliyepata elimu yake katika vyuo vya Oberlin na Michigan, aliichezea Toledo mechi 42, wakati timu hiyo ilipokuwamo katika ligi iliyohesabiwa kuwa kuu. Tony Mullane, mrushaji wa timu yake mwenyewe, alikiri miaka mingi baadaye kwamba alikuwa akizipuuza ishara za Walker makusudi, kwa kuwa hakuridhia kuamrishwa na mtu Mweusi, hata mdakaji huyo akawa analazimika kuidaka mipira asiyojua itakujaje.

Tarehe 14 Julai 1887 Cap Anson, nahodha mashuhuri wa Chicago, alikataa timu yake kucheza na Newark maadamu mrushaji Mweusi George Stovey yumo uwanjani, na siku iyo hiyo wakuu wa Ligi ya Kimataifa, iliyokuwa daraja moja chini ya ligi kuu, walipiga kura ya kutotia sahihi mikataba mipya na wachezaji Weusi. Katika ligi kuu zenyewe haikuandikwa kanuni ya namna hiyo. Palikuwa na mwafaka wa midomo baina ya wamiliki, ambao nguvu yake ilikuwa katika kutoandikwa kwake, kwani kila aulizwaye aliweza kuapa kwamba katazo hilo halipo, ilhali tangu Walker na nduguye Weldy walipotoka mwaka wa 1884 hakuonekana Mweusi aliyekubaliwa kwa rangi yake katika ligi hizo kwa muda wa zaidi ya miaka 60.

Klabu za kwanza za kulipwa

Timu ya kwanza ya Weusi iliyolipwa mishahara ilizaliwa mwaka wa 1885 katika Hoteli ya Argyle, mjini Babylon, jimbo la New York, miongoni mwa wahudumu wa meza waliokuwa wakiwaburudisha wageni kwa besiboli. Ilijiita Cuban Giants, ingawa hapakuwa na Mkuba ndani yake, kwa sababu mgeni wa visiwani alivumiliwa na watazamaji Wazungu kuliko mwenyeji Mweusi. Mchezaji wake mmoja, Sol White, alichapisha mwaka wa 1907 kitabu cha tarehe ya besiboli ya Weusi, na lau si kitabu hicho habari nyingi za karne ya kumi na tisa zingalipotea pamoja na waliozishuhudia.

Rube Foster na ligi ya 1920

Andrew Foster, aliyeitwa Rube, alizaliwa mwaka wa 1879 katika mji wa Calvert, Texas, akavuma kwanza kama mrushaji na baadaye kama mwalimu wa timu ya Chicago American Giants, aliyoiunda mwaka wa 1911. Alifundisha mchezo wa mbio na hila, wa mpira unaoguswa kidogo ukaanguka karibu ili wenzake wasogee kituo kwa kituo, na kwa mtindo huo timu yake ilizishinda nyingi zilizokuwa na wapigaji wenye misuli zaidi. Lakini Foster aliona kwamba klabu za Weusi zilikuwa mikononi mwa mawakala Wazungu, waliokuwa wakipanga mechi, wakikodisha viwanja na kukata sehemu nono ya viingilio, na kwamba mchezaji angeendelea kuwa kibarua wa mgeni hata akiwa hodari namna gani.

Tarehe 13 Februari 1920 aliwakutanisha wamiliki wenziwe katika jengo la YMCA la Paseo, mtaa wa Weusi wa Kansas City, wakaanzisha Ligi ya Taifa ya Weusi yenye timu nane: mbili za Chicago, na nyingine za Dayton, Detroit, Indianapolis, Kansas City na St. Louis, pamoja na Cuban Stars. Miongoni mwa wamiliki alikuwamo Mzungu mmoja tu, J. L. Wilkinson wa Kansas City Monarchs. Mwaka wa 1923 ikazaliwa ligi ya pili upande wa mashariki, na mwaka wa 1924 mabingwa wa pande mbili walipambana kwa mara ya kwanza, Monarchs wakaishinda Hilldale ya Pennsylvania.

Foster alikuwa rais wa ligi, mmiliki na mwalimu wa timu kwa wakati mmoja, na mzigo huo ulimwelemea. Mwaka wa 1926 akili yake iliharibika, akapelekwa hospitali ya wagonjwa wa akili, ambako alifariki mwezi wa Desemba 1930. Ligi yake, iliyokwisha dhoofishwa na mdororo mkuu wa uchumi, ilivunjika mwaka uliofuata.

Pittsburgh na zama za pili

Aliyeifufua ligi hiyo mwaka wa 1933 alikuwa Gus Greenlee wa Pittsburgh, tajiri wa bahati nasibu ya magendo, na jambo hili lisimshangaze msomaji, kwani Mweusi wa zama zile hakupata mkopo benki kwa urahisi, na mtaji uliokuwapo mitaani ulikuwa ndio huo. Greenlee alijenga uwanja wake mwenyewe na kuiandaa timu ya Crawfords, ambayo ndani yake walikutana warushaji, wakimbiaji na wapigaji watano ambao wote baadaye walitiwa katika Jumba la Mashuhuri la besiboli: Satchel Paige, Josh Gibson, Cool Papa Bell, Judy Johnson na Oscar Charleston. Ng'ambo ya mji walikuwapo mahasimu wao, Homestead Grays wa Cumberland Posey, waliotwaa ubingwa wa ligi miaka tisa mfululizo, tangu 1937 hata 1945. Mwaka wa 1937 iliundwa pia Ligi ya Amerika ya Weusi, iliyoshika miji ya kusini na magharibi ya kati.

Siku kuu ya mwaka ilikuwa mechi ya Mashariki na Magharibi, iliyoanza mwaka wa 1933 katika uwanja wa Comiskey mjini Chicago, ambayo wachezaji wake walichaguliwa kwa kura za wasomaji wa magazeti ya Weusi kama Chicago Defender na Pittsburgh Courier. Mwaka wa 1943 ilihudhuriwa na watu 51,723. Umati huo ulikuwa hoja kubwa mikononi mwa waandishi kama Wendell Smith na Sam Lacy, ambao miaka nenda miaka rudi waliwauliza wakuu wa ligi kuu ni kitu gani kiwazuiacho, ikiwa si uhodari wala si wateja.

Maisha ya wachezaji

Mechi za ligi hazikutosha kuwalisha wachezaji, kwa hiyo timu zilizunguka nchi nzima kwa basi, zikicheza na yeyote aliye tayari, pengine mechi mbili au tatu kwa siku moja. Katika majimbo ya kusini hoteli na mikahawa ya Wazungu haikuwapokea. Walilala katika nyumba za watu Weusi au ndani ya basi lenyewe, na kuna miji ambako walijaza uwanja kwa watazamaji wakakosa mahali pa kununua chakula. Dhiki ilizaa ubunifu: mwaka wa 1930 Wilkinson aliitengenezea Monarchs taa za kubebwa kwa magari na jenereta, wakacheza usiku ili wafanyakazi waje baada ya kazi, miaka mitano kabla ya ligi kuu kucheza usiku kwa mara ya kwanza.

Wakati wa baridi wengi walivuka bahari kwenda Cuba na Puerto Rico, walikolipwa vema na kulala hoteli yoyote waitakayo. Mwaka wa 1937 Paige, Gibson na Bell waliziacha timu zao wakaenda kuichezea timu ya dikteta Rafael Trujillo katika Jamhuri ya Dominika, wakaipatia ubingwa.

Wanawake nao wana fungu lao katika habari hizi. Effa Manley aliisimamia pamoja na mumewe klabu ya Newark Eagles, iliyokuwa bingwa mwaka wa 1946, akawa mwanamke wa kwanza kuingizwa katika Jumba la Mashuhuri, mwaka wa 2006. Toni Stone aliichezea Indianapolis Clowns mwaka wa 1953, na baada yake wakafuata Mamie Johnson na Connie Morgan.

Jackie Robinson na kumalizika kwa ligi

Mwezi wa Agosti 1945 Branch Rickey, mkuu wa Brooklyn Dodgers, alizungumza kwa siri na Jackie Robinson, aliyekuwa akiichezea Monarchs. Robinson alipelekwa kwanza katika timu ndogo ya Dodgers ya Montreal, na tarehe 15 Aprili 1947 aliingia uwanjani Brooklyn. Miezi mitatu haikutimia kabla ya Larry Doby wa Newark kujiunga na Cleveland, na mwaka wa 1948 Paige akamfuata huko akiwa na umri wa miaka 42, akashinda mechi sita na kushindwa moja. Timu ya mwisho kumkubali Mweusi, Boston Red Sox, ilingoja hata mwaka wa 1959.

Furaha hiyo ilikuwa na gharama yake, na gharama iliwaangukia wale waliokuwa wamewalea wachezaji. Rickey hakuwalipa Monarchs hata senti moja kwa ajili ya Robinson, akidai kwamba hapakuwa na mkataba wa kumfunga. Manley alipodai haki yake, Cleveland ililipa dola 15,000 kwa Doby. Watazamaji waliwafuata vijana wao kwenye viwanja vya ligi kuu, na Ligi ya Taifa ya Weusi ikavunjika baada ya msimu wa 1948. Ile ya Amerika ilijikokota hata yapata 1960, ikiwa imekwisha kuwatoa Willie Mays, Ernie Banks na Hank Aaron. Wachezaji walipewa nafasi katika ligi kuu, lakini hakuna klabu hata moja ya Weusi iliyokaribishwa kuingia, wala wamiliki na mameneja wao hawakupewa viti katika mabaraza ya wakubwa.

Daftari na heshima

Mwaka wa 1971 Jumba la Mashuhuri lililoko Cooperstown lilimchagua Paige, likakusudia kwanza kumweka yeye na wenziwe mahali pa peke yao. Malalamiko yalipozidi, shauri la kuwatenga tena hata ndani ya makumbusho likaachwa. Gibson na Buck Leonard wa Grays wakafuata mwaka wa 1972, Foster mwaka wa 1981. Makumbusho ya Ligi za Weusi yalianzishwa Kansas City mwaka wa 1990, na msemaji wake mkuu alikuwa Buck O'Neil, mchezaji na mwalimu wa zamani wa Monarchs.

Mwezi wa Desemba 2020 uongozi wa ligi kuu ulitangaza kwamba ligi saba za Weusi zilizochezwa baina ya 1920 na 1948 zilikuwa ligi kuu vilevile. Kazi ya kuzikusanya hesabu ilikuwa imefanywa na watafiti waliopekua magazeti ya zamani mechi kwa mechi, na mwezi wa Mei 2024 hesabu za wachezaji zaidi ya 2,300 ziliingizwa rasmi. Wastani wa Josh Gibson ulionekana kuwa 0.372, yaani mapigo 372 yaliyofaulu katika kila zamu 1,000, nao ukauzidi ule wa mpigaji Mzungu Ty Cobb, 0.367, uliokuwa umeshika nafasi ya kwanza kwa vizazi kadhaa.

Gibson alifariki tarehe 20 Januari 1947, akiwa na umri wa miaka 35, na siku 85 zilikuwa zimebaki kabla ya Robinson kuingia uwanjani Brooklyn. Kaburi lake mjini Pittsburgh lilikaa bila jiwe la jina hata mwaka wa 1975.