Huyo kwa Video Si Kimathi

Kila Oktoba, Mashujaa Dei ikikaribia, ile video inarudi. Ni ya zamani, nyeusi na nyeupe. Jomo Kenyatta yuko na jamaa wa rasta ndefu, na mtu ameandika juu yake ati ni Kenyatta na Dedan Kimathi. Watu wanashea tu.

Wasee, hebu tuangalie tarehe. Kenyatta alikamatwa 20 Oktoba 1952 na hakuachiliwa mpaka Agosti 1961. Kimathi alipigwa risasi na kushikwa Oktoba 1956, akanyongwa Kamiti 18 Februari 1957. Video ni ya 1963, wakati wa uhuru. Sasa Kimathi alitokea wapi?

Huyo mtu anaitwa Musa Mwariama, wa Meru. Alikuwa kati ya viongozi wa juu kabisa wa Mau Mau upande huo, na Waingereza hawakuwahi kumshika wala kumuua. Alitoka msituni mwenyewe, uhuru ukiwa umefika. Lakini sisi tumezoea ile picha ya Kimathi amelazwa na pingu mikononi, kwa hivyo tukiona rasta tunaandika jina moja tu.

Najua kuna mtu atasema, "Si wote ni mashujaa, shida iko wapi?" Shida ni kwamba ukimwita Kimathi, hadithi inaishia kwa mkoloni: Mwingereza alimnyonga, basi. Ukimwita Mwariama, lazima uulize alipata nini baada ya kamera kuzimwa. Hapo mkoloni hayuko tena wa kulaumiwa.

Mwaka 1962 Kenyatta mwenyewe alishafananisha Mau Mau na ugonjwa uliomalizwa, usiofaa kukumbukwa tena. Mashamba ya walowezi yalipogawanywa, hayakuwa zawadi. Ulipewa kwa mkopo na ulipaswa kulipa. Mtu aliyekaa msituni miaka yote hiyo angetoa wapi pesa? Mwenzake Mwariama, Jenerali Baimungi, hakuridhika na hayo mambo. Aliuawa 1965, na serikali iliyomuua ni yetu wenyewe, si ya Malkia.

Mwariama aliishi mpaka 1989. Alipokufa, Mau Mau ilikuwa bado imepigwa marufuku kisheria, marufuku ile ile ya mkoloni ya 1950. Iliondolewa 2003. Yaani mtu alipokelewa na Kenyatta mbele ya kamera, halafu akazikwa kikundi chake kikiwa bado haramu kwa vitabu vya sheria vya nchi aliyoipigania.

Kimathi ana barabara Nairobi na sanamu juu yake tangu 2007. Anastahili. Lakini Mwariama alibakishiwa hizo sekunde chache za video, na hata hizo tunampa mwingine. Oktoba hii ukiiona, andika jina lake hapo kwa komenti. Na ukiulizwa alipewa shamba gani, usibadilishe mada.