Akili mnemba na jasho la vijana wa Nairobi

MTU anapoandika swali katika kompyuta au simu yake na kupata jibu lililopangika vizuri kwa sekunde chache, ni rahisi kuamini kuwa mashine hiyo imejifunza yenyewe. Ukweli ni kwamba nyuma ya jibu hilo wapo watu wengi walioketi mbele ya kompyuta kutwa nzima wakiifundisha mashine mfano mmoja baada ya mwingine. Baadhi yao wako Nairobi, na madai yao yamefika mahakamani.

Akili mnemba, ambayo wengine huiita akili unde na wengine akili bandia, kwani majina bado yanashindana, ni uwezo wa programu za kompyuta kufanya kazi ambazo kwa kawaida humhitaji binadamu: kutambua sura, kufasiri lugha, kuandika barua, hata kuendesha gari. Programu za aina hii haziandikiwi kanuni moja moja. Huonyeshwa mifano mingi mno hadi zibaini zenyewe mpangilio uliomo. Ili mashine imtambue mtembea kwa miguu, sharti ionyeshwe maelfu ya picha za barabarani ambamo mtu fulani amekwisha kumzungushia mstari kila mpita njia, kila baiskeli na kila gari, kisha akaandika jina la kitu hicho. Kazi hiyo huitwa kuweka alama kwenye data. Haihitaji shahada, lakini yahitaji macho makini na subira.

Mfano unaotajwa sana ni hazina ya picha iitwayo ImageNet, iliyotangazwa mwaka 2009 na mtaalamu Fei-Fei Li na wenzake nchini Marekani. Picha zake zaidi ya milioni 14 ziliainishwa na maelfu ya watu wa nchi mbalimbali waliolipwa ujira mdogo kupitia intaneti. Mwaka 2012 programu iliyofunzwa kwa picha hizo iliwaacha mbali washindani wake, na tangu hapo makampuni makubwa yakaanza kumimina fedha katika taaluma hii. Jina la mtaalamu linajulikana duniani kote. Majina ya walioziainisha picha hayajulikani.

Nairobi iliingia katika biashara hii kwa sababu zinazoeleweka. Nyaya za mawasiliano zipitazo chini ya bahari zilifika Mombasa mwaka 2009 na kuharakisha intaneti. Vijana waliosoma na wanaojua Kiingereza ni wengi, na ajira ni chache. Kampuni ya Sama, iliyoanzishwa mwaka 2008 na Mmarekani Leila Janah kwa jina la Samasource, ilijitangaza kuwa inawapa maskini kazi badala ya misaada. Kwa miaka kadhaa ilisifiwa kwa hilo, na haitakuwa haki kusema sifa hizo zote zilikuwa za bure: wapo waliolipa kodi ya nyumba na karo za wadogo zao kwa mshahara huo. Wahenga nao walisema kazi mbaya si mchezo mwema.

Mambo yalibadilika pale kazi ilipohama kutoka picha za magari hadi maneno machafu. Kampuni ya OpenAI ya Marekani, iliyozindua programu ya ChatGPT Novemba 2022, ilihitaji chujio la kuizuia mashine yake kutoa matusi, chuki na uchafu ambao ilikuwa imeusoma kwenye intaneti. Ili chujio lijifunze uchafu ni upi, ilibidi watu wausome kwanza na kuutia alama. Mwishoni mwa mwaka 2021 Sama ilipewa kazi hiyo, na wafanyakazi wapatao thelathini na kitu jijini Nairobi wakaanza kusoma maelezo ya mauaji, mateso, kujiua na udhalilishaji wa watoto.

Januari 2023 jarida la TIME la Marekani liliandika kuwa wafanyakazi hao walikuwa wakibaki na kati ya dola 1.32 na dola 2 kwa saa, ilhali mkataba ulitaja malipo ya dola 12.50 kwa saa kwa kampuni. Sama ilijibu kuwa kiasi hicho cha mkataba kilijumuisha gharama zote za uendeshaji, na kwamba wafanyakazi walipata hadi dola 3.74 kwa saa baada ya kodi. Wafanyakazi walisema walitakiwa kusoma vifungu 150 hadi 250 katika zamu ya saa tisa, lakini kampuni ikataja 70. Hata tukichukua hesabu ya kampuni, kifungu kimoja kiliweza kuwa na maneno zaidi ya 1,000, na mada ni hizo zilizotajwa. Sama ilisitisha kazi hiyo Februari 2022, miezi minane kabla ya muda wake.

Kampuni hiyohiyo ilikuwa ikichuja pia picha na video za Facebook kwa niaba ya Meta tangu mwaka 2019, ikiajiri watu wanaojua Kiswahili, Kisomali, Kiamhari na lugha nyingine za Afrika. Mei 2022 Daniel Motaung, raia wa Afrika Kusini aliyewahi kufanya kazi hapo, aliishitaki Meta pamoja na Sama jijini Nairobi. Mwaka uliofuata, baada ya Sama kuacha kazi ya uchujaji na kuwapunguza wafanyakazi, wengine zaidi ya 180 walifungua kesi yao. Desemba 2024 ilielezwa mahakamani kuwa uchunguzi wa daktari wa Hospitali ya Taifa ya Kenyatta uliwakuta zaidi ya 140 kati yao na maradhi ya akili yatokanayo na mshtuko mkubwa.

Hoja nzito katika kesi hizi ni ya mwajiri. Meta ilidai kuwa ni kampuni ya kigeni isiyosajiliwa Kenya, wala si yenyewe iliyowaajiri watu hao. Februari 2023 mahakama ya masuala ya ajira iliikatalia hoja hiyo, na Septemba 2024 Mahakama ya Rufaa ikakubali kuwa kampuni hiyo yaweza kushitakiwa nchini humo. Jambo hili si dogo. Biashara nzima ya kuweka alama kwenye data imejengwa juu ya mikataba inayomweka mtu wa kati baina ya anayefaidika na anayefanya kazi.

Wakati huohuo, kazi zenyewe si za kudumu. Machi 2024 mtandao wa Remotasks, unaomilikiwa na kampuni ya Scale AI, ulifunga shughuli zake Kenya ghafla, na waliotegemea kibarua hicho wakajikuta wamefungiwa mlango. Vijana waliokuwa wakiwaandikia insha wanafunzi wa ng'ambo, biashara ambayo uhalali wake kimaadili ni mada nyingine, waliona kazi zikipungua mara ChatGPT ilipoanza kuandika insha bila malipo.

Januari 2024 Shirika la Fedha la Kimataifa lilikadiria kuwa akili mnemba itagusa asilimia 40 ya ajira duniani: asilimia 60 katika nchi tajiri na asilimia 26 katika nchi zenye kipato cha chini. Takwimu hizo huwafariji baadhi ya viongozi wetu. Lakini shirika hilohilo lilionya kuwa nchi maskini hazina miundombinu wala ujuzi wa kutosha kuvuna faida yake, hivyo pengo laweza kupanuka.

Kenya ilizindua mkakati wake wa taifa wa akili mnemba Machi 2025, ukihusu miaka 2025 hadi 2030. Wafanyakazi hawakuusubiri. Mei Mosi 2023, zaidi ya 150 kati yao walikutana Nairobi na kupiga kura ya kuunda chama cha wachujaji wa maudhui wa Afrika, na mwanzoni mwa 2025 waweka alama wa Kenya nao wakazindua chama chao. Miongoni mwa madai yao ni ujira wa haki, mikataba inayoeleweka na huduma kwa walioumizwa akili na kazi.