Sembène Ousmane na Herufi Mbili za D

Mwaka 1977 filamu moja ilizuiwa kuonyeshwa nchini Senegal kwa ajili ya herufi moja. Jina lake ni Ceddo, na mtungaji wake, Sembène Ousmane, aliliandika kwa d mbili. Serikali ilishikilia kwamba kwa mujibu wa kanuni rasmi za tahajia ya Kiwolofu jina hilo lilipaswa kuandikwa kwa d moja. Rais wa nchi wakati ule alikuwa Léopold Sédar Senghor, mshairi mkubwa wa lugha ya Kifaransa, na Mwafrika wa kwanza kufuzu mtihani wa juu kabisa wa ualimu wa sarufi huko Ufaransa, mwaka 1935. Sembène, ambaye alifukuzwa shule akiwa kijana mdogo, alikataa katakata kuifuta d yake. Basi wananchi wa Senegal hawakuiona filamu hiyo katika majumba yao ya sinema mpaka Senghor alipokwisha kung'atuka.

Sisi walimu wa lugha hatuna budi kukitazama kisa hiki kwa makini kabla ya kukicheka. Sisi wa Uganda twajua uzito wa konsonanti maradufu. Katika Kiganda, okuta ni kuachilia na okutta ni kuua. Mwanafunzi akidondosha t moja, muuaji amekwisha kuwa mwenye huruma. Herufi si jambo dogo. Hata hivyo, wengi waliamini tangu siku zile kwamba d ilikuwa kisingizio tu. Filamu yenyewe ilionyesha kijiji cha zamani ambacho watu wake, yaani maceddo, walikataa kulazimishwa kuingia dini mpya, na ndani yake imamu anakitwaa kiti cha mfalme, huku padri na mfanyabiashara ya watumwa wa Kizungu wakiwa kando wanangoja fungu lao. Mwishoni binti mfalme anamwua imamu yule kwa bunduki. Katika nchi ambayo walio wengi ni Waislamu, na ambamo masheikh wana nguvu kubwa katika siasa, hiyo ilikuwa sawa na kutia moto penye majani makavu. Msomaji Mwislamu ana haki ya kuudhika, kwani imamu wa Sembène amechorwa kwa rangi moja tu, nyeusi. Lakini Sembène mwenyewe alizaliwa na kulelewa katika nyumba ya Kiislamu. Hakuwa mgeni aliyerusha jiwe kutoka nje ya ua.

Alizaliwa mwaka 1923 mjini Ziguinchor, katika jimbo la Casamance, kusini mwa Senegal. Baba yake alikuwa mvuvi. Inasimuliwa kwamba mwalimu mkuu wa Kifaransa alimpiga kofi, naye kijana akalirudisha kofi lile papo hapo. Masomo yake yakaishia hapo. Alijaribu uvuvi, lakini bahari ilimtapisha, na mwaka 1938 akapelekwa Dakar. Huko alifanya kazi za mikono, uashi na umakanika, na mwaka 1944 akaandikishwa katika jeshi la kikoloni la Wafaransa. Baada ya vita akavuka kwenda Marseille, akawa mchukuzi wa mizigo bandarini.

Bandari ndiyo iliyokuwa chuo chake kikuu. Alijiunga na chama cha wafanyakazi, kisha na chama cha Kikomunisti cha Ufaransa. Alipovunjika uti wa mgongo kazini na kulazimika kukaa kitandani, alisoma vitabu vya maktaba ya chama cha wafanyakazi kimoja baada ya kingine. Aliona kwamba katika vitabu vile vyote Mwafrika mvujajasho hayumo, au akiwamo, basi yumo kama kivuli. Mwaka 1956 akatoa riwaya yake ya kwanza, Le Docker noir. Humo mchukuzi mmoja mweusi wa Marseille anaandika kitabu, na mwandishi wa kike wa Kizungu anakiiba na kukichapisha kwa jina lake mwenyewe; ugomvi unazuka, mwanamke anakufa, na mchukuzi anahukumiwa. Riwaya hii bado ni ya mkono usiozoea, lakini msomaji aikumbuke, maana habari ya mswada ulioibiwa itaturudia hapa chini.

Riwaya iliyomletea sifa ni Les bouts de bois de Dieu, ya mwaka 1960, ambayo wengi wetu tuliisoma kwa tafsiri ya Kiingereza. Inahusu mgomo wa wafanyakazi wa reli ya Dakar hadi Niger, ulioanza Oktoba 1947 na kumalizika Machi 1948. Jina la kitabu linatokana na mila ya kutowahesabu watu waziwazi, wasije wakapatwa na balaa. Badala yake huhesabiwa kama vipande vya miti vya Mungu. Bakayoko, kiongozi wa mgomo, ni mtu wa maneno mazito na moyo mkavu, na mimi sijapata kumpenda. Wanaobaki moyoni ni wanawake: Ramatoulaye, anayemchinja kondoo wa ndugu yake tajiri ili watoto wale, na Penda, aliyedharauliwa na watu wote, anayewaongoza wanawake kwa miguu kutoka Thiès hadi Dakar. Sijui riwaya nyingine ya Kiafrika ya miaka ile inayojua vizuri kiasi hiki namna chungu tupu kinavyoweza kuwa silaha.

Mwaka ule ule Senegal ilipata uhuru, naye Sembène akarudi nyumbani. Alizunguka, akatambua jambo lililomchoma: wale aliowaandika katika vitabu vyake hawakuweza kuvisoma. Wavuvi, wachuuzi na wake wa wafanyakazi wa reli hawakujua Kifaransa, na wengi wao hawakujua kusoma kabisa. Basi mwaka 1962, akiwa anakaribia umri wa miaka 40, akaenda Moscow kujifunza kutengeneza filamu katika studio ya Gorki, chini ya Mark Donskoi.

Hapo mwanzo sinema nayo ilimfunga kwa kamba ile ile. La Noire de..., ya mwaka 1966, ni habari ya Diouana, msichana wa Dakar anayechukuliwa na familia ya Kifaransa kwenda Antibes kulea watoto. Kumbe anageuzwa mpishi na mfuaji, anafungiwa ndani, na mwishowe anajiua. Diouana haongei Kifaransa sawasawa, lakini mawazo yake tunayasikia kwa Kifaransa safi, tena kwa sauti ya mtu mwingine, mwimbaji wa Haiti aitwaye Toto Bissainthe. Filamu ilipata tuzo ya Jean Vigo huko Ufaransa. Ila kasoro ile haikufichika: msichana aliyekufa kwa kukosa wa kusema naye, hata ndani ya kichwa chake amenyimwa lugha yake.

Miaka miwili baadaye ilitoka Mandabi, filamu ndefu ya kwanza kusemwa Kiwolofu. Kwa sababu ya fedha za Wafaransa ilibidi itengenezwe pia kwa Kifaransa, lakini ile ya Kiwolofu ndiyo iliyodumu. Ibrahima Dieng, mzee asiye na kazi na mwenye wake wawili, anapokea hawala ya faranga 25,000 kutoka kwa mpwa wake aliyeko Paris. Zake mwenyewe ni 2,000 tu. Nyingine ni amana. Ili azitoe posta anatakiwa kuwa na kitambulisho. Kitambulisho kinataka cheti cha kuzaliwa. Na cheti kinataka mtu ajue tarehe aliyozaliwa. Jamaa mmoja msomi anajitolea kumsaidia, na fedha zote zinayeyuka. Amandina Lihamba aliigeuza hadithi hii kuwa tamthilia ya Kiswahili, Hawala ya Fedha, iliyotolewa mwaka 1980, na ajabu ni kwamba haikuhitaji kubadilishwa sana. Karani wa Dakar na karani wa kwetu wamenyonya ziwa moja.

Mwanzoni mwa miaka ya 1970, pamoja na mwanaisimu Pathé Diagne, Sembène alianzisha gazeti la Kiwolofu, Kaddu. Kisha likaja Xala, riwaya mwaka 1973 na filamu mwaka 1975. Tajiri mmoja anaoa mke wa tatu, na usiku wa harusi anajikuta amerogwa, nguvu za kiume hana. Katika mkutano wa wafanyabiashara wenzake anaomba kusema Kiwolofu, anakatazwa. Hata matusi yatolewe kwa Kifaransa. Nyumbani, binti yake anamjibu kwa Kiwolofu kila anapomsemesha Kifaransa. Wakaguzi wa serikali walikata sehemu kadhaa za filamu hiyo, naye Sembène akachapisha vikaratasi vya kuwaeleza watazamaji kile walichokatiwa.

Mtu wa namna hii si rahisi kuishi naye. Mwaka 1974 alimwoa Carrie Moore, Mmarekani mweusi aliyekuwa ameandika tasnifu ya chuo kikuu juu ya kazi zake; ndoa hiyo haikudumu. Alijijengea nyumba huko Yoff, ukingoni mwa bahari, akaiita Galle Ceddo, kwa d mbili, akaishi humo na kiko chake na ukali wake.

Lawama iliyomwandama kuliko zote ilitoka kwa wenzake. Mwaka 1988, pamoja na Thierno Faty Sow, alitoa Camp de Thiaroye, juu ya askari wa Kiafrika waliopigwa risasi na jeshi la Wafaransa tarehe 1 Desemba 1944 kwa kudai malipo yao. Filamu ilipata tuzo maalumu huko Venezia, na Ufaransa ikakaa miaka mingi bila kuionyesha. Lakini kabla yake Boubacar Boris Diop na Ben Diogaye Bèye walikuwa wamekwisha andika mswada wa filamu juu ya mauaji hayo hayo. Mswada wao haukupigwa picha. Fedha za serikali zilikwenda kwa mzee. Siwezi kusema kwamba aliiba, maana historia ya Thiaroye haina mwenyewe. Ila mtu aliyeanza kazi yake kwa kumlilia mwandishi aliyeporwa alipaswa kuwasikia vijana wale.

Kuna na jambo la pili. Mtetezi huyu wa Kiwolofu aliziandika riwaya zake zote kwa Kifaransa, hata Guelwaar ya mwaka 1996. Aliyekuja kuandika riwaya kwa Kiwolofu, Doomi Golo, mwaka 2003, ni yule yule Boris Diop. Wanafunzi wangu huniuliza kama huo si unafiki. Huwaambia watazame tena: kila alipopata kamera aliwaachia watu waseme lugha yao, na kila aliposhika kalamu alirudi Marseille, kwenye lugha aliyojifunzia kuandika. Wengine wanaridhika na jibu hilo. Wengine hawaridhiki, na siwalaumu.

Filamu yake ya mwisho, Moolaadé, aliipiga nchini Burkina Faso na kuitoa mwaka 2004, akiwa na umri wa zaidi ya miaka 80. Inasemwa Kibambara, na inawaonyesha wanawake wa kijiji wakikataa ukeketaji wa mabinti zao. Ilipata tuzo huko Cannes. Sembène alifariki nyumbani kwake Yoff tarehe 9 Juni 2007.