Lanthimos Kabla ya Deni

Yorgos Lanthimos alizaliwa Athens mwaka 1973 na kusomea uongozaji wa filamu mjini humo. Alianza na matangazo ya biashara, video za muziki na za dansi. Mwaka 2001 aliongoza kichekesho cha kibiashara pamoja na Lakis Lazopoulos, na mwaka 2004 alikuwa miongoni mwa wabunifu wa sherehe za Olimpiki ya Athens. Filamu yake ya kwanza akiwa peke yake, Kinetta, ilionyeshwa Toronto mwaka 2005.

Alijipatia jina kwa Kynodontas (2009), yaani jino la chonge, aliyoiandika na Efthymis Filippou. Wazazi wamewafungia ndani ya ua wana watatu ambao tayari ni watu wazima. Hakuna ruhusa ya kutoka mpaka jino la chonge ling'oke. Maneno yanayoashiria ulimwengu wa nje hupotoshwa: "bahari" ni kiti, "zombi" ni ua dogo la manjano. Filamu hiyo ilishinda tuzo ya Un Certain Regard huko Cannes, kisha ikateuliwa kuwania Oscar.

Mwaka 2011 gazeti la The Guardian liliziita filamu za aina hii wimbi la ajabu la Ugiriki, na tangu hapo imezoeleka kudai kwamba wimbi hilo lilizaliwa na mgogoro wa madeni. Kalenda inakanusha. Kynodontas ilionyeshwa Cannes Mei 2009; ukubwa wa nakisi ya bajeti ulifichuliwa Oktoba mwaka huo, na mkopo wa uokozi ukafuata Mei 2010. Wanaoanzia kwenye ghasia za Desemba 2008, zilizozuka polisi alipompiga risasi na kumuua mvulana wa miaka 15, wana hoja nzito zaidi, kwani hasira ya vijana dhidi ya wakubwa wao ilitangulia deni.

Hata hivyo, mzizi ulio karibu zaidi ni ushirika wa wasanii wenyewe. Athina Rachel Tsangari alikuwa mtayarishaji wa Kinetta. Lanthimos naye aliigiza katika Attenberg (2010) ya Tsangari. Mwaka 2009 watengenezaji filamu waliojiita Watu wa Sinema Ukunguni walisusia tuzo za taifa za Thessaloniki wakidai sheria mpya ya filamu, nayo ikapitishwa mwaka 2010.

Alpeis (2011) ya Lanthimos ilipata tuzo ya mswada huko Venice. Baadaye Lanthimos aligeukia Kiingereza: The Lobster (2015), The Killing of a Sacred Deer (2017), The Favourite (2018), iliyompa Olivia Colman Oscar, na Poor Things (2023), iliyotwaa tuzo ya Simba wa Dhahabu huko Venice na Oscar nne. Kinds of Kindness (2024) ilimrudisha kwa Filippou. Katika Bugonia (2025), iliyotokana na filamu ya Korea Kusini ya mwaka 2003, mateka amefungiwa chini ya nyumba na kushurutishwa akiri kwamba si binadamu.