Ujiji: Wageni Waliogeuka Wenyeji

Ukitajwa mji wa Ujiji, wengi huwakumbuka Wazungu wawili waliokutana huko mwaka 1871, Livingstone na Stanley. Mwaka 1939 Wamarekani waliifanya habari hiyo sinema, na mchezaji Spencer Tracy akawa ndiye Stanley. Katika masimulizi ya namna hii watu wa mji husimama nyuma tu, kama miti. Haulizwi mtu: mji huu ulikuwa wa nani, hata Livingstone akapata pa kupumzika?

Wenye nchi walikuwa Wajiji, jamaa wa Waha. Burton na Speke walipofika mwaka 1858, wafanya biashara Waarabu na Waswahili wa pwani walikuwa wamekwisha watangulia kwa ajili ya pembe. Kisha wakaja watu wengi kutoka ng'ambo ya ziwa, nchi ya Manyema, iliyo upande wa mto Lualaba. Wako waliokuja kwa hiari, wapagazi na wafuasi wa matajiri. Na wako waliotekwa wakaletwa kwa minyororo, na katika waliowateka na kuwauza walikuwamo Waislamu. Ni uchungu kuyasema haya, lakini ndiyo kweli.

Basi tazama kudura ya Mwenyezi Mungu. Wengi katika Wamanyema hao waliishika dini, wakajenga misikiti, wakasomesha watoto Kurani, wakaoana na wenyeji, na Kiswahili kikawa lugha ya nyumbani kwao. Watu waliodharauliwa wakajiita waungwana. Reli ilipofika Kigoma mwaka 1914 biashara ilihamia bandarini, lakini Ujiji haukuacha kuwa mji wa Kiislamu.

Siku hizi hutengenezwa filamu za maisha ya Waislamu waliohamia Ulaya, na swali lao kubwa ni hili: je, mgeni aweza kuwa mwenyeji bila kuiacha dini yake? Ujiji umekwisha jibu. Jibu hilo wanalo wazee wake, na wazee wanakwenda.

Enyi vijana, leo kamera imo katika simu zenu. Nendeni kwa wazee hao. Pigeni hodi, ombeni ruhusa, stahini wake za watu, kisha sikilizeni. Lakini jueni kwamba kamera ni shahidi, na mwenye kuficha ushahidi ana dhambi. Msiufiche utumwa ili kuipamba nasaba ya mtu. Wala msiuonyeshe mji mzima kuwa soko la minyororo tu, mkaisahau misikiti na madrasa. Utumwa si aibu ya aliyetekwa. Aibu ni ya aliyemteka. Sayyidna Bilali alikuwa mtumwa, na Mtume (s.a.w.) akamfanya muadhini wake. Nani basi ataona haya kusema bibi yake alivushwa ziwa akiwa amefungwa?

Mwenyezi Mungu atujaalie kuisema kweli, hata ikiwa juu ya nafsi zetu. Amin.