Mkopo wa Miaka 20, Mgodi wa Miaka 12: Gharama Halisi ya Rehani ya Nyumba katika Ukanda wa Dhahabu

Mgodi wa Buzwagi, pembeni mwa mji wa Kahama, ulianza kuzalisha dhahabu mwaka 2009 na ukafungwa mwaka 2021. Tumchukue fundi mitambo wa kubuni, aliyeajiriwa mgodi ulipofunguliwa. Anakopa shilingi milioni 50 za kununulia nyumba, kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka inayohesabiwa kwenye salio, alipe kwa miaka 20. Mikopo ya muda mrefu kiasi hicho ilikuwa bado haijaenea mwaka ule. Nauchukua mkopo wa siku hizi na kuulaza juu ya umri wa mgodi ule ili vipimo viwili vionekane pamoja. Marejesho yake ni takriban shilingi 733,400 kwa mwezi. Tuseme hakukosa hata mwezi mmoja. Siku lango la mgodi linafungwa atakuwa amelipa milioni 105.6, na bado atakuwa anadaiwa milioni 38.4.

Amelipa zaidi ya mara mbili ya alichokopa, na deni limepungua kwa milioni 11.6 tu. Hakuna aliyemwibia. Hesabu ndivyo inavyokwenda, na ofisa mikopo yeyote anaweza kuichapisha kwa dakika moja. Hoja ya makala haya ni kwamba katika mikoa ya Shinyanga na Geita gharama ya rehani haiwezi kupimwa kwa kiwango cha riba peke yake, wala kwa ukubwa wa marejesho ya mwezi. Inapaswa kupimwa kwa kuweka umri wa deni ubavuni mwa umri wa kipato kinacholilipa. Hapa kipato hicho kimefungwa kwenye mwamba ulio chini ya ardhi, na mwamba huo una mwisho unaojulikana.

Tuanze na hesabu yenyewe, maana ndiko wengi wanakoumia bila kujua. Mwezi wa kwanza wa mkopo ule, riba peke yake ni shilingi 708,333. Katika 733,400 alizokatwa fundi wetu, kinachokwenda kupunguza deni ni kama 25,000. Mwezi wa pili riba inapungua kidogo mno, na sehemu inayopunguza deni inaongezeka kwa mia tatu na kitu. Ndiyo sababu miaka mingi ya mwanzo salio linaonekana limeganda. Mkopaji anayeomba taarifa ya mkopo baada ya miaka mitatu, akakuta deni halijasogea, hudhani benki imekosea. Benki haijakosea.

Sasa tuubadilishe muda. Mkopo uleule, riba ileile, lakini alipe kwa miaka 10. Marejesho yanapanda hadi karibu shilingi 869,000 kwa mwezi, na jumla ya malipo inakuwa milioni 104.3. Kwa miaka 20 jumla ni milioni 176. Tofauti ya marejesho ya mwezi ni kama shilingi 135,600. Tofauti ya riba yote ni milioni 71.7, fedha inayozidi mkopo wenyewe. Ninapowauliza watu wenye elimu nzuri wakisie tofauti hiyo, wengi husema milioni kumi au kumi na tano. Akili ya binadamu haikuzaliwa na uwezo wa kuhisi riba inayozaa juu ya salio kwa muda mrefu, ndiyo maana mazungumzo ya kwenye kaunta hutawaliwa na swali moja tu: kwa mwezi nitakatwa ngapi? Swali hilo ndilo linalomsukuma mkopaji kwenye muda mrefu zaidi, yaani kwenye mkopo ulio ghali zaidi.

Juu ya riba kuna mengine: ada ya kushughulikia mkopo, gharama ya mthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Kila moja ni ndogo ikisimama peke yake. Kwa pamoja hula akiba ambayo ingeweza kuwa sehemu ya malipo ya awali. Tena mikopo mingi ina riba inayoweza kubadilishwa. Riba ikipanda kutoka 17 hadi 19, mkopo wetu wa miaka 20 unaongezeka shilingi 77,000 hivi kwa mwezi, na zaidi ya milioni 18 kwa jumla.

Kwa nini riba iko juu hivyo? Jibu la haraka, kwamba benki zina tamaa, halitoshi. Kwa miaka kadhaa hati fungani za serikali za miaka 20 zililipa zaidi ya asilimia 15. Benki inayoweza kuikopesha serikali kwa kiwango hicho bila wasiwasi haina sababu ya kumkopesha mchimbaji wa Kahama kwa asilimia 12. Isitoshe, amana za wateja ni za muda mfupi, na nyumba ni ya muda mrefu. Pengo hilo ndilo lililosababisha sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008, na baadaye kuanzishwa kwa kampuni ya TMRC mwaka 2010, inayozipatia benki fedha za muda mrefu ili nazo zikopeshe kwa muda mrefu. Muda umerefuka kweli, na riba imeshuka kutoka viwango vya zamani vya asilimia 20 na zaidi. Lakini soko bado ni dogo: mikopo yote ya nyumba nchini haijafika asilimia 1 ya pato la taifa, katika nchi iliyohesabu watu milioni 61.7 katika sensa ya 2022.

Tumewahi kujaribu njia nyingine. Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoanza mwanzoni mwa miaka ya 1970, ilikopesha kwa riba nafuu huku mfumuko wa bei wa miaka ya 1980 ukizidi riba hizo. Aliyekopa wakati ule alipata nyumba kwa bei ya kutupa, kwa kuwa shilingi aliyorejesha ilikuwa imekwisha nguvu. Gharama haikutoweka, ilihamia kwa benki, na mwaka 1995 benki ikafa. Nakumbusha hili kwa sababu bado wapo wanaosema mfumuko wa bei utamsaidia mkopaji kulimaliza deni. Ulisaidia kizazi kile. Mfumuko wa siku hizi ni wa asilimia 3 hadi 5, kwa hiyo anayelipa 17 anabeba mzigo halisi wa asilimia 12 au zaidi kila mwaka.

Hadi hapa hesabu ni ileile kwa mwalimu wa Morogoro na kwa mchimbaji wa Geita. Kinachowatenganisha ni mgodi.

Tulawaka, jirani na Geita upande wa Biharamulo, ulianza 2005, na mwaka 2013 mwekezaji akauacha mikononi mwa shirika la serikali. Bulyanhulu una akiba ya miaka mingi, lakini serikali ilipozuia kusafirisha nje makinikia (mchanga wenye madini) Machi 2017, mgodi ulipunguza shughuli kabla ya mwaka kwisha na mamia ya wafanyakazi wakapoteza ajira. Ulirudi kuzalisha kwa nguvu baada ya makubaliano ya serikali na mwekezaji yaliyozaa kampuni ya ubia ya Twiga. Mwadui, mgodi wa almasi wa tangu 1940, ulisimama mwaka 2020 soko la almasi lilipoporomoka wakati wa korona. Kwa hiyo mgodi unaweza kufa kwa dhahabu kwisha, au kusimama kwa siasa, au kwa bei ya soko la mbali. Mkataba wa mkopo haulijui lolote kati ya hayo. Unajua tarehe ya marejesho.

Mwadui una funzo jingine. Mji ule ulijengwa na kampuni: nyumba, shule, hospitali, vyote vya mgodi. Mfanyakazi aliishi humo akiwa kazini na akitoka kazini alitoka na nyumbani. Utaratibu huo ulikuwa na udhalili wake, na sina hamu ya kuutetea. Lakini hatari ya mgodi kufungwa ilibaki kwa mwenye mgodi, ambaye ndiye aliyekuwa na ramani ya mwamba. Rehani imeihamisha hatari hiyo hadi mabegani mwa mfanyakazi. Ramani haikuhamishwa pamoja nayo.

Hapa ndipo gharama kubwa kuliko zote inapojificha. Mtu akipoteza kazi Dar es Salaam, nyumba yake bado ina wanunuzi. Katika mji unaoishi kwa mgodi mmoja, ajira na bei ya nyumba huanguka siku moja kwa sababu moja. Aliyepunguzwa anataka kuuza alipe deni. Jirani yake naye amepunguzwa, naye anauza. Wapangaji waliokuwa wakilipa vizuri wamerudi makwao. Fao la kukosa ajira linalipa theluthi moja ya mshahara kwa miezi sita. Mkopo umebaki na miaka minane.

Sheria ya Ardhi ya 1999 haikumwacha mkopaji mikono mitupu. Benki lazima itoe notisi kabla ya kuuza, na nyumba ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya wastani wa soko kwa asilimia 25 au zaidi, inachukuliwa kwamba benki imekiuka wajibu wake mpaka ithibitishe vinginevyo. Ni kinga nzuri. Udhaifu wake ni kwamba inapima kwa bei ya soko la siku hiyo, na katika mji wa mgodi uliofungwa soko lenyewe ndilo lililoanguka. Nyumba inaweza kuuzwa kihalali kabisa, kwa wastani wa soko, na deni lisiishe.

Msomaji atauliza: basi watu wajenge kidogo kidogo kama walivyozoea? Ndivyo wengi wanavyofanya. Mwaka huu kiwanja, mwakani msingi, halafu tofali za kuchoma, boma linapanda, lenta, kisha miaka mitatu ya kutafuta bati za kupaua. Pembezoni mwa Kahama, Geita na Katoro pamejaa mapagale yenye majani ndani, na mpita njia huyaona kama alama za kushindwa. Mimi nayaona kama vitabu vya akiba. Pagale halitozi riba, halina dalali, na mgodi ukisimama nalo linasimama na kumsubiri mwenyewe. Wachimbaji wadogo wa Nyarugusu na Rwamgasa, ambao hawana hati ya mshahara na hupata fedha kwa msimu duara, yaani shimo la kuchimbia, likitema, hawana njia nyingine inayoendana na kipato chao.

Lakini tusidanganyane kwamba pagale ni la bure. Anayejenga kwa miaka kumi huku akipanga kwa shilingi 150,000 kwa mwezi amelipa kodi milioni 18. Saruji hupanda bei. Mvua hula tofali, nondo huibwa, na fundi wa kwanza hukosea msingi akaja wa pili kuubomoa. Ukiongeza miaka ambayo watoto walikua katika chumba kimoja, gharama inakuwa ya kweli ingawa haiandikwi kwenye taarifa ya benki. Hata hivyo, ukiiweka milioni 18 mbele ya riba ya milioni 126 ya mkopo wa miaka 20, mizani inalala upande mmoja waziwazi. Mkopo mdogo wa miaka miwili au mitatu wa kumalizia paa na madirisha, kwa mwenye boma tayari, mara nyingi una maana zaidi kuliko rehani ya nyumba nzima. Benki zinaupa nafasi ndogo kwa kuwa faida yake ni ndogo.

Njia ya tatu ilionekana Zambia. Katika miaka ya 1990, serikali iliwauzia wachimbaji nyumba za kampuni ya shaba walizokuwa wakiishi, wakati migodi ikibinafsishwa. Wengi walipoteza ajira baadaye, lakini walibaki na paa lisilodaiwa. Mfano huo haunakiliki hapa kama ulivyo, kwani migodi yetu mikubwa ya dhahabu, tofauti na Mwadui, haikujenga miji ya namna hiyo. Unaonyesha tu kwamba muda bora wa mchimbaji kumaliza deni la nyumba ni kabla ya mgodi kufungwa.

Na muda huo unakadirika. Kampuni zinazomiliki migodi ya Geita na Bulyanhulu zimeorodheshwa kwenye masoko ya hisa ya nje na kila mwaka hutangaza akiba ya madini iliyobaki. Mwekezaji wa New York husoma kabla ya kununua hisa. Benki ya Kahama inaweza kusoma kabla ya kupanga muda wa mkopo, na Benki Kuu inaweza kuitaka ifanye hivyo: mkopo wa mfanyakazi wa mgodi usivuke miaka inayokadiriwa kubaki, na mkopaji aruhusiwe kulipa ziada wakati wowote bila adhabu. Kipengele hicho cha pili si kidogo. Katika mkopo wetu wa milioni 50, bonasi ya milioni moja ikiingizwa kwenye deni mwanzoni kabisa inafuta zaidi ya miezi 31 ya mwisho, yaani zaidi ya milioni 22 za marejesho. Katika mwaka wa kumi na nane milioni hiyohiyo inafuta miezi miwili hivi.

Sheria inataka jambo jingine ambalo lipo tayari na halitumiki vya kutosha. Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi. Mara nyingi mwenzi huletewa fomu ya ridhaa peke yake, anaonyeshwa pa kusaini, na jedwali la marejesho linabaki kwenye faili la benki. Jedwali hilo lipewe yeye pia, kwa Kiswahili, likionyesha jumla yote itakayolipwa na salio litakalobaki mwaka ambao mgodi unakadiriwa kufungwa. Mume atakapokuwa ameondoka kutafuta kazi Kakola au Nzega, yeye na watoto ndio watakaomfungulia dalali mlango.